Mlango wa Fundi Maji

Mdogo wangu alikuwa na mdomo usiojua likizo. Tangu utotoni tulimwita Redio, kwa sababu ukimwamsha asubuhi unakuta ameshaanza, na ukitaka anyamaze sharti umpe kitu cha kutafuna. Mama alizoea kusema kwamba mtoto huyu angezaliwa bubu, masikio yake yangepona. Alisema hivyo akicheka, cherehani ikikimbia chini ya mikono yake. Sasa masikio ya mama yamepona, na nyumba yetu ni kimya mpaka inatia hofu.

Mimi ndiye niliyempeleka kazini kwetu. Mimi ni mhariri wa sauti katika kampuni ya kutengeneza gemu za kompyuta, juu ya duka la fanicha, na chumba chetu cha kurekodia tumekibandika sponji za magodoro kuta zote ili kelele za misumeno ya chini zisitufikie. Wakati huo tulikuwa tunatengeneza gemu moja iitwayo Miaka ya Vumbi. Ni habari ya dunia iliyokwisha. Mvua zimegoma, miji imefunikwa, na watu waliobaki wanauana kwa ajili ya ndoo ya maji. Mchezaji anakuwa mwanamke anayeitwa Msafiri, mwenye chupa moja mgongoni, na kiu yake inapanda kadiri muda unavyokwenda. Asipokunywa anaanguka na kufa, kisha anaamka pale mchezo ulipohifadhiwa mara ya mwisho na kuanza upya.

Mwisho wa barabara moja Msafiri anakuta kibanda cha mabati, na ndani yake kuna Fundi Maji, mtu anayelinda pampu ya mwisho inayofanya kazi. Ni mhusika msaidizi tu. Hata kwenye picha ya tangazo hayumo. Mtu aliyekusudiwa kutoa sauti yake hakutokea, bosi akaanza kuzunguka chumba akishika kiuno, nami nikamwambia ninaye mmoja nyumbani, kazi yake ni kuongea tu, tena hajawahi kuulizwa na mtu.

Redio akaja. Akasimama mbele ya maikrofoni, akasoma mstari wa kwanza kama ulivyoandikwa, wa pili akautia chumvi, na wa tatu akautupa kabisa akasema wake. Pale karatasi iliposema "Karibu, mgeni," yeye akasema, "Ah, umefika! Pole na njia. Funga mlango, vumbi linaingia." Akaongeza na hili, ambalo halikuwa kwenye karatasi ya mtu yeyote: "Usiniangalie hivyo, nimekula." Hilo lilikuwa jibu lake kwa mama kila alipoingia nyumbani. Nilitaka kulikata, bosi akasema liache, linapendeza.

Sasa, kazi yetu ina taratibu zake. Kila kipindi kikiisha, msemaji hubaki amesimama kimya mbele ya maikrofoni tukirekodi ukimya wa chumba, maana ukimya nao una sauti yake, na bila huo viraka vya mhariri vinasikika. Redio na ukimya! Alisimama pale akipumua kwa pua kama mtu aliyekatazwa kucheka, macho yamenikodolea kupitia kioo. Tukizima tu anapasuka: "Dada, nilikuwa nawaza viazi." Utaratibu mwingine ni kwamba kifo hurekodiwa mwisho. Kukoroma, kupaliwa na kulia kwa uchungu kunachubua koo, na msemaji akishakufa asubuhi, mchana hana sauti ya kufanyia kitu kingine. Fundi Maji alikuwa ameandikiwa kifo, majambazi wanamvamia mbele huko karibu na mwisho wa hadithi, na tuliwekea kifo hicho wiki yake.

"Nitakufa vizuri, dada," Redio aliniambia. "Utalia mpaka uniombe nifufuke."

Wiki ile haikufika. Kilianza kifua, tukasema ni vumbi la mbao za chini. Kisha homa, kisha mapafu, kisha kitanda cha hospitali na mipira puani. Asubuhi nzima alihangaika na pumzi, nami nimemshika mguu kwa sababu mikono yote ilikuwa na sindano. Mama aliitwa kutoka kwenye chumba chake cha ushonaji, akaja mbio na nyuzi zimemganda kwenye gauni. Alipoingia mlangoni Redio aligeuza kichwa, akamtazama, akaachia.

Muuguzi akasema, mama, alikuwa anakusubiri wewe. Majirani wakasema hivyo hivyo. Na kila aliyekuja kutoa pole akashika mkono wa mama akamwambia, alikuwa anakusubiri wewe tu, alikuona akapumzika. Walitaka kumfariji. Mama aliitikia kwa kichwa kila mara, akashukuru, akaagiza wageni waletewe chai. Lakini tangu hapo, akifika kwenye mlango wa chumba chenye mtu ndani, husita kwanza.

Kazini walinipa pole, kisha wakakuna vichwa. Tarehe ya kutoa gemu ilikuwa imeshatangazwa, Fundi Maji ana maneno yote isipokuwa ya kufa. Mwandishi wetu ni bwana mmoja ambaye miwani yake hukaa kichwani zaidi kuliko machoni. Alinung'unika, akafuta ukurasa mmoja, majambazi wakapelekwa kuvamia mahali pengine. Fundi Maji akabaki kwenye kibanda chake. Mchezaji anaweza kurudi kwake wakati wowote, akapewa maji na maneno mawili matatu, hadi gemu inakwisha na hata baada ya kwisha. Mdogo wangu alikufa, ndiyo maana Fundi Maji akapona.

Nilimletea mama mashine ya gemu kwa wasiwasi. Nilikuwa nimejaribu kwanza kumletea rekodi zenyewe, akasikiliza kidogo akavua vile vya masikioni. "Hapa anaongea na watu wengine," alisema. Basi nikacheza mwenyewe sehemu zote za hatari, nikaua wa kuuawa, nikamfikisha Msafiri kwenye barabara ya kibandani na kuhifadhi hapo. Kutoka hapo ni mwendo mtupu, hakuna wa kukushambulia. Kile kishikio chenye vitufe mama alikiita rimoti, akakitukana siku za mwanzo, Msafiri akawa anagonga nguzo na kutazama mawingu. Lakini mtu aliyeendesha cherehani maisha yake yote hashindwi na kitu cha vidole. Akazoea.

Ikawa ndiyo desturi yake. Akishakunywa chai ya asubuhi, kabla ya kukaa kwenye nguo za wateja, anawasha, anatembea barabara ile ya vumbi, anafungua mlango wa mabati. Fundi Maji anageuka na spana mkononi.

"Ah, umefika! Pole na njia. Funga mlango, vumbi linaingia."

"Nimeshafunga, baba," mama anajibu.

"Maji yapo. Kunywa taratibu."

"Na wewe je?"

"Usiniangalie hivyo, nimekula."

"Mwongo wewe," mama anasema, na anacheka kidogo, kisha anazima na kwenda kushona. Majirani walipoanza kumtazama kwa jicho la huruma, aliwaambia, "Najua amekufa. Nilimzika mimi. Mnaniona mwehu?" Hawakurudia tena. Alikula, alilala, alipokea nguo za maharusi na kuzimaliza kwa wakati. Mimi nikaona, basi, tutafika.

Halafu ikaja tamthilia. Kituo cha televisheni kiliinunua hadithi ya gemu yetu, na Mwandishi akaitwa kusaidia kuiandika upya. Fundi Maji akapewa kijana mmoja mwenye kifua na meno, nywele zimepangwa vizuri kuliko za mtu yeyote aliyewahi kukosa maji. Katika sehemu ya pili ya tamthilia akapigwa risasi akimkinga Msafiri. Akafa polepole, na muziki, na mkono ukiteleza kwenye bomba. Mji mzima ukalia. Kazini watu walikuja na macho mekundu.

Nilikuwa nimemficha mama habari hiyo, lakini jirani alimwita akaione. Niliporudi nyumbani nilimkuta anapiga pasi, mtulivu.

"Umeona?" nikamwuliza.

"Nimeona. Yule si yeye. Yule hata spana ameishika upande wa kichwa." Akageuza suruali upande wa pili. "Mama yake alimlea vizuri, ana meno mazuri. Lakini si yeye."

Nikacheka, nikashusha pumzi. Tamthilia na ife na watu wake, sisi tuna kibanda chetu. Kumbe nilikuwa najidanganya.

Bosi akaita kikao. Alianza kwa kunivika kilemba cha ukoka, jinsi sauti zangu zinavyosifiwa, nikajua moja kwa moja kuna jambo.

"Watu wameona tamthilia, wanakuja kwenye gemu," alisema. "Wanamkuta Fundi Maji mzima, anagawa maji. Wanatuona wababaishaji. Na mkataba na wenzetu wa televisheni unataka hadithi ziende sambamba."

"Si wabaki na marehemu wao hukohuko?" nikasema. "Huku wamwache mtu afanye kazi yake."

Mwandishi akashusha miwani machoni, jambo analolifanya akitaka kuonekana na huruma. "Dada yangu, naelewa uchungu wako. Lakini tuseme ukweli. Kwenye gemu alikuwepo tu. Kifo ndicho kilichompa maana. Na mimi ndivyo nilivyomwandika tangu mwanzo, tunamrudishia tu kilichokuwa chake."

Alikuwepo tu! Nilitaka kumwuliza, wewe mama yako anakupa maana gani leo zaidi ya kuwepo tu? Ukienda kwake unakuta yupo, unaona kama umekosa kitu? Niliishika meza.

"Njia ni mbili," bosi akaendelea, sasa hanitazami. "Yule kijana wa tamthilia aje arekodi upya maneno yote, tumfute wa zamani. Au tubaki na sauti ya marehemu, ila tupate kifo chake. Na kifo hatuna."

"Mabaki yapo," Mwandishi akasema. "Kikohozi, pumzi, vitu vile. Mtu anayeijua sauti hiyo anaweza kushona kitu."

Nilielewa wanachoniomba kabla hawajamaliza kukisema. Nikauliza swali moja tu. "Maneno yake yatabaki?"

"Yote," bosi akasema. "Hatutagusa hata neno."

Nilipiga hesabu zangu kwa haraka. Kifo kile kiliandikwa mbele huko, karibu na mwisho wa hadithi. Mama hajawahi kuvuka kibanda, hana haja, wala hajui kama kuna mbele. Redio atakufa mbali, mahali mama hafiki, kama watu wanavyokufa katika miji ya watu wengine. Huku nyuma mlango utafunguka kila asubuhi. Nikikataa, meno yale yatamwambia mama yangu "nimekula". Nikakubali.

Nikamuua mdogo wangu kwa mikono yangu. Nilifunga mlango wa chumba cha sponji, nikavaa vya masikioni, nikafungua kila kilichobaki kwake. Kikohozi nilikipata kati ya maneno, pale alipopaliwa na maji aliyokunywa haraka. Mlio wa maumivu niliutoa kwenye kicheko. Kicheko ukikipunguza kasi na kukishusha kinakuwa mtu anayeumia, kila mhariri wa sauti analijua hilo. Pumzi ya mwisho ilinisumbua. Nilizijaribu zote zikakataa, mpaka nilipokumbuka ukimya wa chumba. Nikaufungua. Alikuwemo, amesimama mbele yangu anapumua kwa pua, anawaza viazi. Nikachagua pumzi moja ndefu, nikaipunguza nguvu mwishoni ikafifia, na baada yake nikaweka ukimya ule ule bila yeye.

Nilipomaliza waliingia wote kusikiliza. Bosi alipangusa macho. Mwandishi akasema, "Kazi safi, kazi safi kabisa." Mimi nilikwenda msalani nikafungulia bomba mpaka mwisho, ili nisisikike.

Gemu ile haifunguki bila mtandao, na ikifunguka inajisasisha yenyewe. Siku toleo jipya lilipotoka ilikuwa mapumziko yangu, nilikuwa jikoni naosha vyombo. Nilimsikia mama amewasha. Niliisikia barabara, upepo, viatu vya Msafiri kwenye changarawe. Nikasikia mlango wa mabati.

"Ah, umefika! Pole na..."

Kishindo cha risasi, spana ikaanguka kwenye sakafu, halafu kikohozi. Kikohozi changu, nilichokishona mimi. Nikaacha sahani kwenye maji nikatoka mbio. Kwenye kioo Fundi Maji alikuwa amekaa chini ameegemea pampu, amegeuza kichwa kumtazama anayecheza. Pumzi ile ndefu ikatoka, ikafifia. Baada yake ukaja ukimya wangu.

Sisi wa sauti hupewa vipande tu; picha na mpangilio ni vya meza nyingine. Waliona ni usumbufu kumwua kule mbele, maana wachezaji wengine walikuwa wameshapita. Basi wakakifunga kifo kwenye mlango. Yeyote atakayeufungua, kutoka popote katika hadithi, Fundi Maji anageuka, anamwona, anakufa. Mimi nilikuwa nimeuliza kuhusu maneno, sikuuliza kuhusu mlango.

Mama hakulia. Aliweka rimoti kwenye mapaja yake polepole.

"Amenisubiri tena," alisema.

Nikapiga magoti nikamwambia ni kosa la kazini, nitalirekebisha, kesho tu litarekebishwa. Akanipangusa povu la sabuni mkononi kwa upindo wa kanga yake, kama vile mimi ndiye niliyefiwa.

Kazini nilipiga kelele mpaka watu wa duka la chini wakapanda kuuliza kuna nini. Bosi akaniambia kwa upole kwamba wachezaji wanasifu, kwamba sehemu ile ndiyo inayozungumzwa kuliko zote, kwamba pumzi ile, dada, pumzi ile inawatoa watu machozi. Nikamwambia amrudishe. Akasema harudi mtu. Nikaandika barua ya kuacha kazi, akaipokea, akasema nifikirie. Ningeacha au nisingeacha, mlango ungebaki ulivyo.

Siku zile mama alikuwa akiingia na kutoka. Anafungua mlango, Redio anakufa. Anazima, anawasha, anatembea barabara ile ile, anafungua, Redio anakufa. Mara nyingine alifungua haraka kama wa kumfumania, mara nyingine taratibu sana. Hakuna alichobadilisha. Nilitaka kuitoa mashine, akanitazama, nikaiacha mahali pake. Nguo za wateja zikaanza kulundikana juu ya cherehani.

Kisha jioni moja nilirudi nikamkuta ametulia. Amekaa wima, rimoti mkononi, hakuna kidole kinachosogea. Kwenye kioo Msafiri amesimama mbele ya mlango wa mabati, umefungwa. Upepo unapuliza vumbi miguuni pake. Na nyuma ya mlango, ndani ya kibanda, kulikuwa na nyundo inayogonga bomba, na mtu anayeimba wimbo usio na maneno, anaukosea, anaanza tena. Niliikumbuka siku tuliyourekodi. Redio aliubuni palepale, nami nikauweka hafifu nyuma ya mabati ili mchezaji anayekaribia ajue kuna mtu ndani.

"Mama."

"Shh. Yuko kazini."

Nikakaa sakafuni kando ya kiti chake. Redio aligonga, akaimba, akakohoa kile kikohozi kidogo cha kusafisha koo.

"Nimekaa hapa tangu mchana," mama akasema, jicho haliondoki. "Nisipofungua hafi. Nimemchunguza. Anaendelea tu."

"Mama, ni gemu."

"Najua ni gemu, usinifanye mtoto." Kisha sauti yake ikashuka mno. "Siku ile hospitalini kulikuwa na benchi koridoni. Nililipita. Laiti ningekaa pale nikamsikiliza tu."

Nilitaka kumwambia haikuwa hivyo, mapafu hayasubiri mtu, hata asingekuja ingekuwa ile ile. Maneno yote nilikuwa nayo. Lakini niliyaona yanafanana na yale ya majirani, nikayameza.

Kwenye pembe ya kioo alama ya kiu ilikuwa imegeuka nyekundu. Chupa ya Msafiri ni tupu, na maji katika nchi ile yote yako sehemu moja tu, upande wa pili wa mlango. Msafiri akaanza kuyumba. Akapiga goti kwenye vumbi, akashika mabati kwa kiganja.

"Anakufa kiu," nikasema. "Mama, anakufa."

"Mwache."

Msafiri akaanguka mbele ya mlango. Ndani Redio aliendelea kuimba, hana habari. Kioo kikawa cheusi, halafu barabara ikarudi, ile ile, na Msafiri amesimama mwanzo wake na chupa iliyojaa nusu. Mama akajiweka sawa kitini. Akasukuma rimoti kwa kidole gumba, na Msafiri akaanza kutembea kuelekea kibandani.